Kupika cep ohaw, supu ya samoni ya Waainu, bila shombo

Rafiki yangu alinipigia simu sufuria ikiwa motoni: supu inanuka shombo, na tangawizi keshamalizia yote humo. Nikamwambia amwage, tuanze upya. Ohaw ndiyo supu ya kila siku ya Waainu, wenyeji wa asili wa Hokkaido, kisiwa cha kaskazini mwa Japani, na hii ya samoni haina viungo vya kuficha uchafu.

1. Loweka kipande cha kombu, mwani mkavu, kwenye lita moja na nusu ya maji baridi tangu usiku. Ile ya Hidaka, pwani ya Hokkaido, ndiyo naipenda: inalainika haraka, unaikata na kuila humo humo.

2. Safisha kichwa na mifupa. Supu huharibikia hapa. Pasua kichwa katikati, ng'oa matamvua yote. Kagua chini ya uti wa mgongo: kuna mstari wa damu nyeusi uliofunikwa na utando. Chana utando kwa ncha ya kisu, kwangua damu kwa kijiko cha chai mpaka mfupa uonekane. (Kama samaki alikuwa wa barafu, ayeyuke kabisa kwanza, la sivyo damu haikwanguki.) Nyunyiza chumvi, ngoja dakika 20, mwaga maji yatakayotoka. Sasa mmiminie maji ya moto hadi ngozi ipauke, mtumbukize papo hapo kwenye maji baridi, umsugue kwa vidole, hasa mashavuni. Usimchemshe katika hatua hii; utamu wote utaumwaga. Na ndimu iache ilipo.

3. Toa kombu, weka mifupa, moto mdogo, nusu saa. Engua povu.

4. Viazi, karoti, figili nyeupe. Vikikaribia kuiva, tia vipande vya nyama ya samoni na ile kombu uliyoikata.

5. Chumvi tu. Jadi yao ni chumvi na mafuta ya samaki au mnyama, na mafuta ya kichwa yanatosha. Ukitia miso, kibandiko cha soya iliyochachushwa, umepika Ishikari nabe, mchuzi mwingine wa samoni wa Hokkaido: chakula kizuri, ila si hiki.

6. Mwisho pukusa, kitunguu saumu cha porini. Huna? Majani ya kitunguu yanafaa. Ukiwa Hokkaido, nunua sokoni, usijichumie. Pukusakina, mboga nyingine ya ohaw, majani yake machanga yanafanana mno na ya surku, mmea ambao Waainu waliutolea sumu ya mishale, na watu wamekufa kwa kula surku wakidhani ni pukusakina.

Andaa na sayo, uji mwepesi wa nafaka. Wa ulezi unafaa, bila sukari.