Jinsi ya kuijua Asia ukianzia hapa gatini Lamu

Kila mtihani au mashindano ya maswali ya jumla yakikaribia hapa mtaani naona mambo ni yaleyale, mtoto ameshika daftari lina listi ya nchi za Asia na miji mikuu yake anaisoma kama nyiradi, Afghanistan Kabul, Armenia Yerevan, Azerbaijan Baku, akifika K ashasahau za A. Mpwa wangu alikuwa hivohivo, na mi mwenyewe nilifundishwa hivo. Sasa nataka niwaambie njia tuliyotumia nyumbani, manake imemkaa kichwani, na haitaki hela, inataka karatasi kubwa, penseli, na ramani ya kwenye simu ya kuhakikishia baadae.

Usianze na herufi, anza na upepo. Mzee mmoja fundi wa majahazi wa kijiji cha Matondoni hapa Lamu aliniambia kwa Kiamu, "Ukitaka kuyua nti za watu, yua pepo kwanda," yaani ukitaka kuzijua nchi za watu jua pepo kwanza, na kweli. Kaskazi inavuma kama Disemba mpaka Machi ikitoka upande wa Arabuni na India, ndo iliyokuwa ikileta majahazi huku kwetu, halafu kuanzia Aprili inaingia kusi ndo inayarudisha. Hata maneno kaskazini na kusini yametoka kwenye pepo hizo. Kwa hiyo kwenye karatasi chora bahari katikati, Lamu iweke chini kushoto, pandisha pwani ya Somalia mpaka pembe yake, vuka ng'ambo, hapo ushafika Asia.

Na muulize mtoto kwa nini upepo unageuka, usimpe jibu haraka. Bara la Asia ni kubwa mno, kama kilomita za mraba milioni 44, kiangazi chake nchi kavu inapata joto kuliko bahari, hewa inapanda juu, basi upepo wa baharini unavutwa kuingia bara umejaa maji, ndo mvua kubwa ya India ya Juni mpaka Septemba. Wakati wa baridi bara linapoa, upepo unatoka nchi kavu kuja baharini. Mvua ile inaenda kugonga milima ya Himalaya, ile yenye Everest mita 8,849, ndo mana kusini ya milima kuna sehemu kama Mawsynram zinazopata mvua kati ya nyingi zaidi duniani na upande wa pili wa milima, Tibet, ni kukavu. Akishaelewa hilo moja ameshajua nusu ya jiografia ya Asia.

Sasa fuata pwani, na kila nchi iulize maswali matatu tu: imepakana na nani, nani aliitawala na ilijitoa lini, na kitu gani chake kiko kwetu. Hili la tatu ndo linalogandisha mengine.

Yemeni ni rahisi kwa mtu wa Lamu. Watu waliotoka huko tunawaita Washihiri, jina limetoka bandari ya Shihr kule Hadhramaut, na masharifu wetu wengi nasaba zao zinarudi Tarim na miji ya jirani. Huko kuna Shibam, mji wa majumba marefu ya udongo ya ghorofa nyingi yaliyosimama tangu miaka ya 1500. Aden ilikuwa chini ya Waingereza tangu 1839 mpaka 1967, na Yemeni zilikuwa mbili mpaka zikaungana 1990.

Omani nayo tunaiona kila siku. Wareno waliiteka Muscat 1507, Waomani wakawatoa 1650, halafu wakawafuata mpaka huku, 1698 wakachukua Ngome ya Yesu Mombasa. Ngome yetu hapa Lamu ilijengwa baada ya vita vya Shela, vile Lamu ilivyowashinda watu wa Pate na Mombasa, Waomani wakasaidia kuimaliza, na Seyyid Said, sultani wa Omani, baadae akahamishia makao yake Unguja. Ukitembea kutoka gatini mpaka ngomeni umeshapita miaka mia mbili ya historia ya Omani, mchukue mtoto mtembee nae.

Hapa nisimamishe kidogo. Muulize mtoto Makka iko bara gani, utashangaa wangapi wanababaika. Saudia, Iraki, Kuwait, Palestina, Lebanoni, zote hizo ni Asia. Na Irani ni Asia lakini si Waarabu, lugha yao ni Kiajemi, na nchi ile ilikuwa ikijulikana kwa wageni kama Uajemi mpaka 1935 serikali yao ilipoomba iitwe Irani. Maneno nahodha na bandari yametoka kwao, na sambusa pia.

India weka muda mrefu. Anzia Malindi, pale penye nguzo ya Vasco da Gama: alifika Aprili 1498, mfalme wa Malindi akampa rubani anayeijua njia, na kaskazi ikiwa imekwisha na kusi imeingia wakavuka bahari wakafika Calicut tarehe 20 Mei. Si hata mwezi. Wengine wanafundisha watoto kwamba Wareno "waligundua" njia, hapana jamani, njia ilikuwa ikipitwa na watu wa Gujarati, Waarabu na Waswahili karne nyingi kabla, yeye aliongozwa na mtu aijuaye. Hilo mwambie mtoto kwa sauti. Calicut iko pwani ya Malabar ndo kwenye asili ya pilipili manga, na jina manga ni Arabuni, yaani sisi tuliiita pilipili kwa jina la waliotuletea si kwa jina la ilikoota. Laki, bima na gari pia tumechukua India.

Halafu miaka: India na Pakistan Agosti 1947, zilipogawanywa Pakistan ikawa vipande viwili vyenye India katikati, kipande cha mashariki kikapigana kikawa Bangladesh 1971. Sri Lanka ilijitawala 1948 ikiitwa Ceylon, jina likabadilika 1972. Maldivi ziko hapo kusini magharibi ya India, visiwa vya chini kabisa.

Ukitoka hapo pita mlango wa bahari wa Malacca, wa Malaysia na Indonesia. Indonesia ina visiwa zaidi ya 17,000, na karafuu asili yake ni visiwa vyake vya Maluku, ndo mana Waholanzi waliikalia nchi ile muda mrefu, na ikatangaza uhuru 17 Agosti 1945. Ufilipino ilikuwa ya Wahispania, kisha Marekani mpaka 1946. Vietnam ilikuwa ya Wafaransa. Thailand haikutawaliwa na mzungu yeyote, hilo swali linapendwa sana.

China mwonyeshe sahani. Nyumba za zamani hapa zina zidaka, yaani vishubaka vya ukutani vya kuwekea vyombo vya kauri vya China. Zheng He alifanya safari saba za majahazi makubwa kati ya 1405 na 1433, na 1415 twiga kutoka Malindi alifikishwa kwa mfalme Yongle, wenyewe wakamwona kama qilin, mnyama wa baraka wa hadithi zao. Mwaka 2013 wachimbaji wa mambo ya kale walipata kisiwani Manda, hapo ng'ambo tu, sarafu ya enzi ya Yongle yenye tundu la mraba katikati. Mpwa wangu aliposikia Manda macho yalimtoka, tangu siku hiyo sijamlazimisha kusoma China.

Japani na Korea pita haraka: Edo ikawa Tokyo 1868, mabomu ya Hiroshima na Nagasaki Agosti 1945, Korea ikagawanywa mwaka huohuo na vita vyao vikawa 1950 mpaka 1953.

Miji mikuu iache mwisho, na uanze na ile ya mtego, ambapo mji maarufu sio mkuu. Uturuki ni Ankara sio Istanbul, Pakistan ni Islamabad sio Karachi, Emirati ni Abu Dhabi sio Dubai, Vietnam ni Hanoi, Myanmar ni Naypyidaw, Kazakhstan ni Astana tangu 1997, zamani Almaty.

Zile tano za ndani, Kazakhstan, Uzbekistan, Turkmenistan, Kirgizstan na Tajikistan, ndo ngumu kwetu manake hakuna jahazi linalofika. Zote zilitoka Muungano wa Kisovieti 1991. Kumbuka Uzbekistan haina bahari na hata majirani zake wote hawana, basi iweke katikati ya karatasi kwanza, hizo nyingine nne uzizungushie, na Afghanistan uiweke kusini yake. Kisha karatasi ikunje, na kesho asubuhi mtoto aichore upya bila kuangalia, akianzia gatini.