Somo: Kompyuta inasema libfreetype-6.dll haipo? Usikimbilie kupakua

Wakuu, habari za jioni. Jana kijana mmoja kaniletea laptopu ya Windows. Programu yake ya kuhariri picha haifunguki, inadai libfreetype-6.dll haipo (DLL ni faili la maktaba, yaani msimbo ulio tayari ambao programu huuazima), na faili hilo alishalipakua kwenye tovuti tatu tofauti. Kosa lenyewe? Alikopi .exe (faili la kufungulia programu) peke yake kutoka kwenye flashi ya rafiki yake, folda akaiacha. Kabeba usukani, gari kaliacha stendi.

Kwanza, ni faili la nini

FreeType ni maktaba ya kuchora herufi, David Turner aliianzisha mwaka 1996. Kwa kawaida ndani ya faili la fonti hakuna picha ya "m". Kuna mistari na mikunjo iliyoandikwa kwa hesabu. FreeType husoma hesabu hizo na kuamua nukta zipi za skrini ziwe nyeusi na zipi kijivu. Herufi kubwa haisumbui. Kasheshe ni herufi yenye urefu wa nukta 12: mguu wa "m" ukiangukia katikati ya nukta mbili, unatoka na ukungu. Ndiyo maana fonti za TrueType hubeba maelekezo ya kuisogeza miguu ikae sawa. Hataza (haki za uvumbuzi) za Apple zilibana ufundi huo hadi mwaka 2010. Waliotumia Linux kabla ya hapo wanajua macho yao yalivyoteseka.

Android na Linux zinakuja na FreeType. Windows haiji nayo, yenyewe inachora herufi kwa maktaba yake, DirectWrite, iliyo kwenye faili la dwrite.dll. Kwa hiyo programu ya Windows inayoihitaji FreeType huja na nakala yake, kwa kawaida ndani ya folda yake yenyewe. Shika hapo.

Hatua

1. Soma jina herufi kwa herufi. freetype.dll, freetype6.dll na libfreetype-6.dll zote ni FreeType, ila zimejengwa na watu tofauti. Kubadilisha jina la moja ili lifanane na jingine ni kubahatisha.

2. Fungua folda ya programu. Ukikuta .exe imekaa peke yake, mchawi umempata. Rudisha folda nzima, halafu desktop weka njia ya mkato tu.

3. Chungulia karantini ya antivirusi, huenda ndiyo iliyolificha faili hilo.

4. Bado? Ondoa programu, uisakinishe upya kutoka tovuti ya watengenezaji wake. Kwangu kesi nyingi huishia hapa.

5. Usipakue DLL moja moja. libfreetype-6.dll mara nyingi huwaita wenzake: zlib1.dll, libpng16-16.dll, libharfbuzz-0.dll. Ukileta moja, linadaiwa lingine. Tena hujui ni toleo gani unapewa. Machi 2025 Facebook walitangaza tundu la usalama, namba yake CVE-2025-27363, kwenye FreeType 2.13.0 na yaliyotangulia: fonti iliyotegwa inaweza kumpa mtu nafasi ya kuendesha msimbo wake kwenye mashine yako. Tovuti za DLL zimejaa matoleo ya zamani.

Maswali ya wadau

kifaurongo: Mkuu, mimi nimeshaliweka kwenye folda ya Windows ya System32. Sasa programu inaleta kosa 0xc000007b.

Hapo mara nyingi umechanganya DLL ya biti 32 na programu ya biti 64, au kinyume chake. Na majina yanapotosha: kwenye Windows ya biti 64, System32 ndiyo ya biti 64, SysWOW64 ndiyo ya biti 32. Usihangaike kulihamisha, lifute ulilolileta kisha nenda hatua ya 4.

mzee_wa_kebo: YouTube wanasema uandike amri ya regsvr32 (ya kusajili DLL), halafu sfc /scannow.

regsvr32 italalamika kwamba DllRegisterServer haionekani, kwa sababu FreeType si aina ya DLL inayosajiliwa. sfc hutengeneza faili za Windows yenyewe, kama dwrite.dll. Hiyo sfc haiijui FreeType kabisa.

pweza_mkavu: Niko Ubuntu (Linux), gemu la zamani linasema libfreetype.so.6, yaani FreeType ya huku, haifunguki, wakati ipo!

Inaelekea ipo ya biti 64, gemu ni la biti 32 (i386). Andika:

sudo dpkg --add-architecture i386
sudo apt update
sudo apt install libfreetype6:i386

Kisha ndani ya folda ya gemu, ldd ikifuatiwa na jina la programu itakuonyesha kama kuna maktaba nyingine inayokosekana.

bintimtwana: Kaka, naandika tenzi kwa herufi za Kiarabu. Kwenye programu moja herufi zinasimama mbalimbali, haziungani. Ni FreeType hiyo?

Hapana, dada. FreeType inachora umbo inalopewa tu. Kuchagua umbo la mwanzo, la kati au la mwisho ni kazi ya maktaba nyingine, mara nyingi HarfBuzz, na inaelekea programu yako haiitumii. Jaribu maandishi hayohayo kwenye LibreOffice. Yakiungana, fonti haina kosa. Ila hakikisha fonti ina پ, چ na ڤ, maana fonti nyingine za Kiarabu hazina zote tatu.

bintimtwana: Yameungana! ڤ tu ndiyo imetoka kisanduku.

Basi hapo ni fonti. Jaribu Scheherazade New au Amiri, zote ni bure.