Ubaridi ndani ya ndoa ya miaka mingi: pa kuanzia

Mume na mke walioishi pamoja miaka mingi hawatengani mioyo kwa siku moja. Kinachowatoka kwanza ni yale mazungumzo yasiyo na haja yoyote. Katika nyumba za hapa Lamu nimemwona mume akirudi kutoka baharini, akauliza habari za maji na karo, akala, kisha akatoka kwenda barazani hadi usiku mkubwa, na mke akabaki na simu yake. Hawakugombana, na ndiyo maana nina hofu nao, kwani ugomvi huonekana lakini ubaridi huzoeleka.

Anza kwa kusikiliza mnayoambiana kwa wiki nzima. Yakiwa yote ni fedha, chakula na watoto, mmekwisha kuwa washirika wa kazi. Hata hivyo, usimkalishe mwenzako kitako ukamsomea makosa yake, kwa maana mmoja anapozidi kudai, mwingine huzidi kunyamaza, na kila mmoja huamini kwamba mwenziwe ndiye aliyeanza. Anayedai na apunguze lawama. Anayenyamaza na aseme ni lini atakuwa tayari kuzungumza, kisha atimize.

Wakati nao una uzito. Msimu wa kusi, bahari inapochafuka na vyombo vingi vikabaki pwani, mvuvi huwa nyumbani lakini riziki imepungua, na kimya chake huenda kikawa ni haya ya mikono mitupu, wala si kuchoka na mkewe. Muulize kinachomwelemea kabla ya kumuuliza pesa. Mke naye, aliyekuwa akipika, akilea na kuuguza peke yake, aulizwe vivyo hivyo.

Watoto wakishalala baada ya isha, wekeni simu mbali, mkae robo saa tu. Ulizaneni jambo lisilohusu nyumba, na anayesikiliza asikatize wala asitoe ushauri. Siku za mwanzo mtaoneana haya kama wageni, na hapo ndipo wengi hukata tamaa, msiache.

Siri hizi zisifike barazani. Mkishindwa kabisa, Suratun-Nisaa, aya ya 35, imetaja mwamuzi mmoja kutoka kwa watu wa mume na mmoja kutoka kwa watu wa mke: wachagueni wanaojua kusitiri. Lakini palipo na kipigo au vitisho, jambo hilo si ubaridi tena, na anayeumizwa atafute usalama kwanza.