Mahasimu wanaopendana Lamu: namna ya kuandika karma isiyodondoka toka mbinguni

Hizi stori za vijana waliochukiana wakaishia kupendana ni tamu na watu wanaziandika kwa fujo siku hizi, lakini nyingi zinakwama pale pale. Kijana anamfanyia binti unyama chapta ya pili, chapta ya kumi na tano anapata ajali anavunjika mguu, binti anaenda kumuuguza, mapenzi yanaanza, alafu mwandishi anatuambia hiyo ndo karma, ubaya wake umemrudia. Hapana bana. Hiyo ni ajali. Karma kwenye riwaya inatakiwa irudi kwa njia ile ile ubaya ulikopitia, ipite mikono ile ile, mpaka msomaji ikifika aseme aah, hii nilikuwa naiona inakuja. Na iwe imeshambadilisha mtu kabla mapenzi hayajaingia mlangoni. Nitaonyesha kwa stori moja ya kubuni ya hapa Lamu, we chukua ufundi wake uweke kwenye yako.

Tafuta kosa lenye uzito

Chuki ya "alinimwagia juisi pale uwanja wa Mkunguni" haibebi kurasa mia mbili. Tafuta kosa ambalo shangazi mtu akilisikia ataacha kukuna nazi.

Wetu tuwaite Swabra na Twalib, wote wana miaka 19. Swabra kwao Faza, kisiwa cha Pate, lakini anakaa na shangaziye mjini Lamu mtaa wa Langoni, anamsaidia kuuza mikate ya kumimina, ile ya mchele na nazi. Twalib ni wa Mkomani, baharia kwenye boti ya mjomba wake, ile ya kwenda Faza na kurudi. Siku moja Swabra anampa bahasha ina fomu ya basari, ule msaada wa karo, ampelekee babake ikagongwe muhuri wa chifu. Twalib anaisukumiza chini ya turubai, maji yanaingia, fomu inaharibika. Sasa angalia hapa, kosa si maji, maji ya bahari hayana adabu kila mtu anajua. Kosa ni kwamba jioni aliulizwa "umefikisha?" akatikisa kichwa, ndio. Siku ya mwisho ikapita, basari ikaenda, Swabra akapoteza mwaka mzima wa chuo.

Kwa nini hili lina uzito Lamu kuliko pengine? Kwa sababu visiwa hivi vinaishi kwa amana. Watu wanatuma dawa, pesa, samaki, funguo, simu ya kutengenezwa, vyote kwa boti, na mara nyingi hakuna risiti, kuna "mpe fulani mwambie nimeituma". Kijana akivunja amana hajamkosea msichana mmoja tu, ameugusa mji mahali panapouma. Kwa hiyo ukiwa Malindi au Tanga wapi, usinakili bahasha yangu, tafuta kitu ambacho watu wa pale wanakishika kwa imani tu, ndo ukivunje.

Alafu mpe na binti deni lake. Hapa ndo waandishi wengi wanaogopa, wanataka msichana awe malaika, na malaika hakui. Swabra akijua ukweli anashuka hadi gatini mbele ya watu wote wanaopakia mizigo anamtapikia Twalib yake yote, sawa, haki yake, lakini kwa ile hasira anaongeza na uongo: eti huwa anafungua vifurushi vya watu anachomoa pesa. Hilo hakuliona. Hilo kalitunga pale pale. Sasa una watu wawili wanaodaiwa, na stori imeanza kutembea yenyewe.

Wape mahali pa kugombana

Hapa Lamu inakusaidia sana. Mji wa Kale uliingizwa kwenye urithi wa dunia wa UNESCO mwaka 2001, na moja ya mambo yake ni zile njia nyembamba ambazo punda wawili wenye mizigo wakikutana mmoja lazima arudi nyuma. Kumkwepa adui haiwezekani. Utakutana naye kwenye kona, utakutana naye ukitoka dukani na mafuta ya taa mkononi, na kando kuna wazee barazani wanahesabu nani kamsalimia nani. Andika hizo kona. Usiandike "walikutana tena kwa bahati", Lamu si bahati, ni ramani.

Na Mkomani na Langoni walishakuwa na ushindani wao wa mitaa tangu zamani, kwa hiyo huhitaji kubuni ukoo wa kitajiri na ukoo wa maskini kama tamthilia za kwenye TV. Ukitaka maneno makali yenye heshima ndani yake, kumbuka huku watu waligombana kwa mashairi: enzi za vita vya Kuduhu, Lamu dhidi ya Pate na Mombasa, pale kijiji cha Shela mwanzoni mwa karne ya 19, washairi wa Mombasa kina Muyaka bin Haji na wa Lamu kina Zahidi Mngumi walikuwa wanajibizana kwa beti. Vijana wako wanaweza kujibizana kwa status, beti mbili mbili, hakuna anayetaja jina na mji mzima unajua. Ni vizuri zaidi kuliko matusi, na inamwonyesha msomaji kitu ambacho wao wenyewe hawajakiona, kwamba hawa wana akili za kufanana.

Sasa karma yenyewe

Karma kwa asili ni fikra ya Wahindu, Wabudha na Wajaini, tendo na matunda yake, na matunda yenyewe yanaweza hata kuvuka maisha haya. Vijana wako watalitumia hilo neno kwenye simu, sawa tu. Nyumbani lakini nyanya mtu atasema mchimba kisima huingia mwenyewe, na imamu atakumbusha kwamba dua ya aliyedhulumiwa haina kizuizi. Wote waache waseme, ila wewe mwandishi usiwategemee wao kufanya kazi yako. Kazi yako ni sababu na matokeo.

Twalib alivunja amana, basi kitakachomrudia ni amana. Hakuna anayempiga wala kumlaani. Wiki ya kwanza mama mmoja anamwita baharia mwingine ampe dawa ya mumewe. Wiki ya pili bahasha zinampita juu ya kichwa, yaani anaziona kwa macho zinakabidhiwa mtu wa nyuma yake. Alafu mjomba kasikia na ile ya wizi, anamshusha botini. Ni msimu wa kusi, bahari imechafuka, vyombo vidogo vingi havitoki, hakuna pa kwenda kuomba kazi, kijana anashinda barazani hana la kufanya na kila anayepita anamwangalia mifuko. Hiyo ni karma msomaji anaielewa bila kuambiwa.

Na Swabra? Uongo wake nao umepanda boti. Twalib ndo alikuwa anachagua nazi za shangazi kule Faza, anajua zipi zimekomaa, tena anampunguzia bei ya kubeba. Akishushwa yeye, zinakuja nazi mbovu, bei juu, mikate inapungua, wateja wanahamia kwa jirani. Shangazi hajui kwa nini. Swabra anajua. Ile chapta anayokaa jikoni anavunja nazi ya tatu nayo imeoza na shangazi anasema "sijui tumemkosea nani", hiyo chapta usiikimbize, kaa nayo, ndo chapta ya thamani kuliko hata ya busu. (Na busu lenyewe kwa riwaya ya vijana wa hapa utaliweka mwisho kabisa, au usiliweke, hutapungukiwa kitu.)

Tafadhali usimzamishe mtu ili kumwadhibu. Huku kuna familia zimepoteza watu baharini kweli, zikisoma kwamba bahari imemuua fulani kwa sababu alikuwa mbaya zitafunga kitabu, na zitakuwa na haki. Hali kadhalika ugonjwa wa mama, kuungua nyumba, na kupofuka.

Kukua ni kazi ya mikono

Mhusika akikaa ufukweni Shela akiangalia jua linazama alafu "akagundua kuwa alikuwa amekosea", futa. Kukua kuonekane kwenye kitu anachofanya, tena mara nyingi, tena kinachochosha. Twalib ananunua daftari la mistari, anaanza kubeba vifurushi vya watu wawili watatu waliobaki, akipanda boti za wengine kama abiria, anaandika nani katuma, nani kapokea, anaweka sahihi, wasiojua kuandika anawawekea alama ya kidole. Mabaharia wenzake wanamcheka, wanamwita karani. Halafu muhimu, Swabra asijue kuhusu hilo daftari kwa muda mrefu, kwa sababu mtu anayebadilika mbele ya msichana tu huyo anachumbia, hajabadilika.

Mpe na kurudi nyuma mara moja. Kabla ya Ramadhani, siku zile za vunja jungu, si unajua zile meseji zinazosambazwa WhatsApp, ua jekundu na maandishi "nimewasamehe wote nami nisameheni"? Twalib anamtumia Swabra hiyo hiyo, imeshapitia simu za watu mia. Swabra anawaka moto upya na ana haki. Msomaji atacheka alafu atauma meno, kwa sababu naye ameshawahi kutumiwa.

Kwa upande wa Swabra kukua kwake kuwe kwa aibu. Uongo aliusema gatini mbele ya wapakizi, basi auondoe pale pale gatini mbele ya wale wale, saa ile ile ya mizigo, sio kwa kumnong'oneza mjomba pembeni. Asiupambe. "Lile la pesa nililitunga. La fomu ni kweli." Maneno mafupi hivyo, alafu arudi nyumbani magoti yakimtetemeka. Hapo sasa wasomaji watampenda, na Twalib ambaye yuko nyuma ya magunia anasikia, naye ataanza bila kujijua.

Kuwaweka pamoja bila kuuchafua mji

Vitabu vingi vya namna hii vinawafungia mahasimu chumba kimoja usiku kucha. Lamu haiendi hivyo, na ukilazimisha utaandika kashfa badala ya mapenzi. Tumia bahari. Boti za Faza zinapita mkondo wa Mkanda, kati ya kisiwa cha Manda na bara, na pale kwa miaka mingi ilikuwa ni mpaka maji yajae; kama stori yako ni ya siku hizi, muulize nahodha kwanza. Nahodha akichelewa kutoka, mnapwelewa, yaani maji yanatoka boti inakaa chini. Kama maji yalikuwa yametoka nusu basi mna masaa kama sita hapo, matatu ya kumalizika kupwa na matatu ya kurudi, kushoto mikoko kulia mikoko, mbu, jua, na simu hazina chaji.

Na katikati yao weka bibi kizee. Lazima. Bibi mwenye kapu, anayezijua nyumba zote mbili, ambaye hakuna anayethubutu kumjibu.

"We mwana wa nani?"

"Wa Mkomani, bibi. Twalib."

"Aah, wewe ndiye wa bahasha. Na huyu ndiye wa ulimi. Haya, mmoja anishikie mwavuli, mwingine anipepee, na atakayenuna nitamwambia mamake."

Masaa sita ya kushika mwavuli na kupepea. Wataongea kupitia yeye, "bibi mwambie huyo asogeze mguu", mpaka saa ya nne wanasahau kupitia kwa bibi. Bibi anajifanya amelala. Daftari linaanguka kutoka kwenye mfuko wa Twalib na Swabra ndo analiokota, analifungua, anasoma majina. Asiseme kitu hapo. Akisema umeharibu.

Baada ya hapo mambo madogo yanatosha: sahani iliyofunikwa kwa kawa inaletwa na mtoto wa jirani aliyeambiwa aseme imetoka kwa shangazi, voisi noti ya sekunde tisa iliyofutwa kabla haijasikilizwa, mtu anayechagua njia ndefu ili apite Langoni ilhali kazi zake zote ziko Mkomani.

Kitu kimoja wengi wanachanganya, kusamehe na kupenda ni chapta mbili tofauti. Mwache Swabra amsamehe Twalib na kwenye mazungumzo hayo hayo amwambie lakini sikutaki. Kesho yake Twalib afungue daftari aandike vifurushi kama kawaida. Kama ataacha, basi alikuwa anafanya biashara, toba kwa mapenzi, na msomaji mjanja atamshtukia. Kama ataendelea wiki baada ya wiki, kusi ikaisha na kaskazi ikaanza kuvuma, hapo Swabra akibadili mawazo tutamwamini.

Na kama kijana wako anamfuata binti mpaka mlangoni, anamshika mkono kwa nguvu, anasambaza picha zake, huyo hafai kuwa mpenzi wa stori yako hata umpe karma ya meli nzima. Mpe kazi nyingine kwenye kitabu.

Mwaka wa chuo uliopotea usiurudishe kimiujiza, asitokee mfadhili toka Ulaya mwenye nyumba Shela akalipa ada. Swabra anajaza fomu upya mwaka unaofuata kama watu wengine, na safari hii anaamua mwenyewe bahasha anampa nani.

Ukimaliza mpe msichana wa umri huo asome, alafu mpe na mtu anayeendesha boti. Msichana atakwambia wapi Swabra anaongea kama mwalimu wa zamu. Nahodha yeye hatajali mapenzi yako hata kidogo, ataenda moja kwa moja kwenye Mkanda, na akikwambia boti haipwelewi saa hiyo kwa mwezi huo ulioandika, badilisha saa, usibishane naye.