Namna ya Kuitazama Papa Pandu Bila Kujua Kikannada

Mtazamaji anayetaka kufahamu kwa nini watu wa Bengaluru na wa jimbo zima la Karnataka, kusini mwa India, wangali wanaitaja Papa Pandu, tamthilia ya vichekesho ya televisheni, kwa mapenzi tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000, hahitaji kujifunza lugha yao ya Kikannada kwanza. Anachohitaji ni kuwajua mke na mume wa nyumba ile na kutega sikio namna wanavyoitana, kwa kuwa sehemu kubwa ya kicheko imo humo.

Kwanza hakikisha unatazama toleo la awali. Lilirushwa na ETV Kannada, kituo kilichoanza mwaka 2000 na ambacho tangu 2015 kinaitwa Colors Kannada. Mwongozaji wake ni Sihi Kahi Chandru, mwigizaji ambaye yeye pamoja na mkewe, Geetha, walipachikwa jina hilo la Sihi Kahi kutokana na mchezo wa televisheni walioigiza zamani. Mwaka 2018 kituo cha Colors Super kilikirudisha kisa hiki kwa toleo jipya, na Shalini akawa tena Papa, Chidanand akawa tena Pandu. Kwa kuwa waigizaji wakuu ni walewale, ni rahisi kuyachanganya matoleo hayo mawili mtandaoni, kwa hiyo angalia nembo ya kituo pembeni mwa picha kabla hujaendelea. Toleo jipya hulifurahia zaidi aliyekwisha kuwazoea wawili hawa walipokuwa vijana.

Usihangaike kutafuta sehemu ya kwanza. Papa ni mke mwenye kauli ya mwisho nyumbani, na Pandu ni mume mpole ambaye kila mara hutafuta upenyo wa kulikwepa jambo fulani. Ukishayajua hayo, unaweza kuingia popote.

Sasa sikiliza. Katika Kikannada, mke hamwiti mumewe kwa jina kwa desturi ya zamani, bali husema “rii”, neno la heshima ambalo sauti yake yaweza kuvutwa apendavyo msemaji. Likitamkwa kwa ufupi ni mwito wa kawaida. Likivutwa kwa sauti inayopanda, mume yeyote wa Karnataka anajua kwamba kuna swali linamngoja. Tega sikio pia kwenye miisho ya amri: “banni” ni njoo ya heshima, anayoambiwa mgeni au mkubwa, ilhali “baaro” huambiwa mwanamume wa rika au mdogo, na “baare” mwanamke. Mtu aliyekaribishwa kwa “banni” akaja kuambiwa “baaro” ameshushwa cheo mbele ya macho yako, na hapo utacheka pamoja na wenyeji hata kama maneno mengine yote yamekupita. Ninapendekeza utazame kila sehemu mara mbili: mara ya kwanza ufuate nyuso na mikono, mara ya pili ufuate miito hiyo peke yake. Tafsiri ya maandishi chini ya picha mara nyingi haipo, na hata ikiwepo huyafuta mambo haya, maana “njoo” inabaki kuwa njoo tu.

Kuna linalohitaji uvumilivu. Kichekesho cha mume anayemwogopa mkewe ni cha kale katika kila nchi, na matukio mengine yanayomdhalilisha Pandu yamechuja. Kwa maoni yangu kinachoiokoa tamthilia hii ni kwamba ndoa yao haina uadui: Papa anafoka kwa sababu anajali kila kinachopita mlangoni kwake, naye Pandu hudanganya ili apate amani ya jioni moja. Shalini anaucheza ukali huo bila kuufanya chuki, kazi ambayo si kila mwigizaji angeiweza. Mtazame hasa anapokuwa amenyamaza akimsikiliza mumewe akijieleza.

Ukiisha kuizoea nyumba hiyo, hamia kwenye Silli Lalli, tamthilia nyingine ya vichekesho, ambayo nayo ilirushwa na ETV Kannada na kuongozwa na Vijaya Prasad. Humo utamkuta Ravishankar Gowda akiwa Daktari Vittal Rao, jina ambalo watazamaji wengi waliendelea kumwita hata nje ya mchezo, na Manjubhashini akiwa Lalithamba, mama anayejinadi kuwa mtumishi wa jamii. Hapo zingatia namna Lalithamba anavyojitambulisha kwa watu.