SOMO: Vidonda vya mdomoni kwa watoto

Swali la mtoto mwenye vidonda mdomoni afanyiwe nini linarudi kila wiki, kwa hiyo nimeliandika lote hapa. Someni kabla ya kuuliza.

1. Nawa mikono, mkalishe mtoto penye mwanga, funua midomo na chini ya ulimi.

2. Tambua unachokiona. Afta ni kidonda cha duara, katikati cheupe au cha njano, ukingoni chekundu. Hakiambukizi, na kwa kawaida hupona chenyewe ndani ya wiki 1 hadi 2. Utando mweupe kwa kichanga mara nyingi ni fangasi. Malengelenge mengi yenye homa na fizi kuvimba huwa ni virusi, nayo huambukiza.

3. Anayeweza kutema asukutue: nusu kijiko cha chai cha chumvi, glasi ya maji ya uvuguvugu.

4. Uji uliopoa, mtindi, maji mengi. Machungwa, nanasi na pilipili vingoje.

5. Maumivu. Hapa ndipo watoto wanapoumizwa. Parasetamoli ya maji hupimwa kwa uzito: miligramu 10 hadi 15 kwa kila kilo, isizidi mara 4 kwa saa 24. Soma chupa, maana ipo ya miligramu 120 kwa mililita 5 na ipo ya 250. Ukimpa ya 250 kwa kipimo cha ile ya 120, umempa dozi karibu maradufu. Kijiko cha jikoni hakipimi dawa. Aspirini ni marufuku chini ya miaka 16. Jeli ya ganzi yenye benzokaini usimpake aliye chini ya miaka 2, inaweza kuzuia damu kubeba oksijeni. Na msisugue kidonda kwa ndimu wala majivu, mnakichimba upya.

6. Hospitali: hanywi, hajakojoa kwa muda wa saa 8, au kidonda kimepita wiki 2. Fizi zikioza na kunuka, shavu likavimba, hasa kwa aliyekonda au aliyetoka kuugua surua, nenda leo hii. Huenda ni noma, ugonjwa unaoozesha mdomo na uso. Antibiotiki mapema huizuia isile uso.

MASWALI

Mama Nasra: Wangu ana vidonda, dawa gani?
— Umri? Uzito? Soma namba 2 kwanza.

Baba Imani: Asali je?
— Chini ya mwaka 1, hapana kabisa.

Bi Tatu: Mwanangu wa miaka 7 vinamrudia kila mara. Ni vitamini?
— Umeuliza vizuri, dada. Yaweza kuwa upungufu wa madini ya chuma, au wa vitamini foleti au B12, omba apimwe damu. Angalia pia jino lenye ncha. Kuna watoto hupata nafuu wakiacha dawa ya meno yenye povu jingi. Tafuta isiyo na sodiamu laureli salfeti (sodium lauryl sulfate), kemikali inayotoa povu hilo.

Bi Tatu: Na mswaki?
— Wa nyuzi laini. Zikichanuka, nunua mwingine.