Kesi ya madai Kenya: mambo ya kuzingatia kabla jina lako halijaitwa

Unaweza kuwa na mkataba uliotiwa sahihi, risiti na mashahidi, na bado kesi yako ikatupiliwa mbali kwa sababu karani aliita na hakuna aliyeitika. Kwa kesi za madai nchini Kenya jambo hili linaongozwa na Amri ya 12 ya Kanuni za Mwenendo wa Madai za mwaka 2010, na la kwanza kuelewa ni kwamba madhara hutegemea nani hakufika.

Msipofika nyote wawili, mahakama inaweza kuifuta kesi, lakini mdai anaruhusiwa kufungua nyingine iwapo muda wa kisheria haujapita: miaka 6 kwa madai ya mkataba, miaka 3 kwa ya kuumizwa, mathalani ajalini. Akifika mdaiwa peke yake, naye hakubali hata sehemu ya dai, kesi hufutwa isipokuwa hakimu aone na kuandika sababu nzuri ya kutoifuta. Hapa ndipo pabaya zaidi, kwa kuwa huwezi kufungua kesi mpya juu ya dai lilelile. Kilichobaki ni kuomba amri ya kuifuta kesi itenguliwe. Akifika mdai pekee, anaweza kusikilizwa upande mmoja, mradi mahakama iridhike kwamba mwenzake alipewa notisi.

Basi jua mapema kama tarehe yako ni ya kutajwa (kupanga hatua za kesi tu) au ya kusikilizwa, maana ya pili ndiyo ya kuja na mashahidi. Siku moja kabla, angalia orodha ya kesi: saa, chumba, na kama kikao ni cha ana kwa ana au cha mtandaoni. Mtandaoni nako ni mahakamani. Ukiingia kwa jina lililomo kwenye simu ya mwanao, karani hatajua ni wewe.

Kuwa na wakili hakukuondolei jukumu. Mahakama zimesema mara nyingi kwamba kesi ni ya mwenyewe, si ya wakili wake, kwa hiyo "wakili hakuniambia" ni kisingizio dhaifu. Mpigie mapema. Akijitoa, wasilisha anwani na namba yako masijala, la sivyo notisi zitapotelea kwenye anwani ya zamani.

Ukiugua au ukifiwa, mjulishe wakili na upande wa pili kabla ya siku yenyewe, na uhifadhi barua ya hospitali.

Kesi ikishafutwa, wasilisha ombi upesi pamoja na hati ya kiapo na vielelezo. Kanuni ya 7 ya Amri ya 12, inayohusu kutengua, haitaji idadi ya siku, ila kila wiki ya kuchelewa utaulizwa. Tangu uamuzi wa Shah dhidi ya Mbogo wa 1967, mahakama humwonea huruma aliyepatwa na ajali au kosa linalosameheka, si anayekwepa kesi makusudi. Hata ukikubaliwa, huenda ukaamriwa kumlipa mwenzako gharama za siku aliyokungoja bure.